Tangazo la Nyuma ya Mlango

Uweso bin Mwinyijuma alikuwa na sauti. Si ya kuimbia wala ya kuadhinia, ingawa zote mbili alizijaribu akaombwa kwa adabu aache. Sauti yake ilikuwa ya kufika. Akisimama sokoni Pangani akasema neno, mwanamke anayefua ng'ambo ya mto huinua kichwa akauliza kuna nini. Kwa sauti hiyo alipata kazi ya serikali. Miaka kumi na mitatu alikuwa mpiga mbiu wa boma. Ikija chanjo ya ndui, ikija amri ya kufyeka vichaka, akipotea punda wa mtu mkubwa, Uweso huitwa, hupewa karatasi, naye hutwaa pembe yake ya nyati akaenda kuwaambia watu. Hakuna aliyewahi kusema hakusikia. Hiyo ndiyo iliyokuwa fahari yake, na kwa maneno ya mkewe Chiku, ndiyo iliyomvimbisha kichwa.

Mwaka wa hamsini na nne, mwezi wa Juni, alikwenda Tanga, mtaa wa Mabawa, kumwoza mpwa wake. Siku tatu aliongoza nyimbo, akaita wageni kula, akabishana na wapiga ngoma, na kila koo lilipomkauka alishushia sharubati yenye vipande vya barafu. Siku ya nne alirudi Pangani kwa basi la asubuhi, akafungua kinywa amsalimu mkewe, kikatoka kitu kama mlio wa bawaba isiyotiwa mafuta.

"Alhamdulillahi," akasema Chiku. "Leo na mimi nitapata zamu."

Hakuipata kwa muda mrefu. Kabla Uweso hajavua kofia alikuja mtu wa boma kusema anahitajiwa upesi na karani.

Karani aliitwa Manase, Mshambaa wa milimani, Mlutheri, mwenye kola nyeupe hata siku za vumbi. Alikuwa na kalamu mbili, moja ya wino mweusi na moja ya wino mwekundu, na alipenda tarehe kama wengine wapendavyo nyama. Alimwekea Uweso karatasi mezani, akamsomea pole pole. Serikali ilikusudia kutwaa ardhi ya Mtondooni, kijiji kilichoko ng'ambo, kando ya mto, ijenge gati jipya la pantoni na barabara ya malori ya mkonge. Mwenye haki yoyote pale, iwe kiwanja, nyumba, minazi au makaburi, alitakiwa afike bomani aandikishe dai lake katika muda wa wiki sita.

"Utaisoma mara tatu mbele ya watu," Manase akasema, "kisha utaibandika mahali pa wazi. Wiki sita zinaanza siku ile ile utakayotangaza. Zikipita, zimepita. Sheria ni kama treni ya Korogwe, Bwana Uweso, haimngoji aliyeshuka kununua maandazi."

Uweso akaitikia kwa kichwa. Angeweza kuonyesha koo lake kwa kidole, na Manase angeelewa. Lakini hapo wangemtafuta mtu mwingine, na mtu mwingine akishatangaza mara moja watu wataanza kusema kumbe hata fulani anaweza. Akajipa moyo kwamba sauti itarudi njiani.

Haikurudi. Alivuka mto, akatembea mwendo wa nusu saa katikati ya minazi, akafika Mtondooni jua likiwa limeanza kuchoma. Alisimama mbele ya duka la Mselem, akapuliza pembe. Pembe ililia vizuri sana, maana pembe haitaki koo, inataka pumzi tu. Watu wakatoka majumbani na mashambani, wengine na majembe, wengine na unga mikononi, wakakusanyika kama ishirini. Uweso akaikunjua karatasi, akavuta pumzi, akasema, "Hhhhk."

Kisha mtu akacheka, na kicheko kikaenea kama moto wa makuti.

Aliyemwokoa alikuwa Mselem mwenyewe, mwenye duka. Alikuwa mtu mnene, mwenye tabasamu lisiloisha, na ndiye pekee pale kijijini aliyesoma herufi za kizungu bila kutafuna midomo. Alitoka akamshika Uweso mkono, akamkalisha barazani, akaichukua karatasi aitazame. Macho yake yalishuka hadi chini, yakapanda tena hadi juu, yakashuka mara ya pili pole pole zaidi.

"Maskini ndugu yangu," akasema. "Utajiua bure. Mke wangu atakuchemshia tangawizi, kisha nenda zako ukapumzike. Kusoma nitawasomea mimi, na kubandika nitabandika mimi. Si karatasi tu?"

Uweso alitaka kumbusu. Alikunywa tangawizi yake, akamwona Mselem akiufunga ubao mmoja wa mlango wa duka, akiipaka karatasi uji wa muhogo na kuigandisha juu yake, katikati kabisa, imenyooka. Moyo ukamtulia. Alipoanza kuondoka alimsikia Mselem nyuma yake akiwaambia watu jambo, na watu wakacheka tena wakatawanyika. Alidhani wanamcheka yeye, kwa hiyo hakugeuka.

Bomani Manase alikuwa anangoja na kalamu nyekundu.

"Umetangaza?"

Uweso akaitikia kwa kichwa.

"Mara tatu?"

Akaitikia tena. Manase akaandika: Alhamisi, limetangazwa mara tatu, limebandikwa. Akaukausha wino, akafunga daftari. Baada ya wiki moja sauti ya Uweso ilirudi yote, na kwa furaha ya kuipata aliisahau Mtondooni kama mtu anavyosahau jino lililokwisha kuuma.

Zilipita wiki sita, na siku tano juu yake.

Jumanne hiyo asubuhi Uweso alikuwa barazani kwake akimenya muhogo, Chiku ndani akichoma vitumbua, alipomwona Bi Semeni binti Miraji akija na mkongojo wake. Bi Semeni alikuwa mjane wa Mtondooni, amepita sitini, msukaji wa makuti hodari. Nyumba nyingi za Pangani zilikuwa zimeezekwa kwa makuti yake, na hii ya Uweso mojawapo.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba, mwanangu. Kaa, usiinuke." Aliketi, akashusha ushungi, akatwaa muda kupumua. "Nimekuja kukuuliza jambo la masikio."

"La masikio?"

"Wamekuja wapimaji kwetu. Wamepigilia vigingi, na minazi yangu wameipaka rangi nyekundu, kila mmoja na nambari yake, kama ng'ombe wa mnadani. Nikawauliza, wakasema nenda boma. Nimekwenda. Karani amenifungulia daftari, mtu mwungwana yule, akaniambia Bibi, muda wa kudai umekwisha Alhamisi. Nikamwambia mimi sikupata habari. Akasema ilipigwa mbiu, na aliyepiga ni Uweso." Alimtazama usoni. "Sasa mwanangu, sauti yako mimi naijua. Ukisema mimi nisisikie, basi nimekuwa kiziwi bila kujijua. Nataka unipime."

"Nikupime vipi, Bibi?"

"Nenda pale kwenye kona ya msikiti uniite. Usiipaze sana."

Chiku alikuwa ametoka mlangoni na mwiko mkononi. Uweso alimtazama mkewe, mkewe akamtazama yeye, na hapakuwa na msaada wowote katika macho yale. Akainuka. Akaenda hadi kona ya msikiti, miguu mizito kama ya mtu anayetembea kwenye tope la mikoko, akageuka akaita kwa sauti ya kawaida, "Bi Semeni!"

"Naam!" akajibu pale pale, na mkono juu.

Akarudi nyuma hatua hamsini nyingine. "Bi Semeni!"

"Nakusikia! Nenda mbali!"

Akaenda mpaka karibu na forodhani, akaita kwa kunong'ona kwake, ambako ni kusema kwa mtu mwingine, na bado ule mkono ukapanda. Aliporudi alimkuta Bi Semeni anafuta machozi kwa ncha ya ushungi, na huku anacheka.

"Si kiziwi mimi," akasema. "Mungu ashukuriwe. Basi ni nini? Labda nilikuwa kisimani. Labda nilisinzia. Pale ndipo alipozikwa mama yangu, Uweso, na wanangu wawili. Mselem amedai ukanda wote ni wake, na minazi yangu imo. Mimi nilimkodisha kuangua nazi tu, nikatia dole gumba, na sasa anasema dole lile ni la kuuza. Jumamosi Bwana Shauri anakuja kulihakikisha dai lake. Na mimi sina neno la kusema, maana muda umenipita."

Alikunywa chai, akapewa vitumbua vitatu avile njiani, akaondoka. Uweso alibaki ameshika kisu na muhogo nusu umemenywa.

"Baba Sabiha," akasema Chiku, akiketi mahali pale pale alipokuwa ameketi mgeni. "Siku ile uliporudi Mabawa hukuwa na sauti."

"Sikuwa nayo."

"Na siku ile ile ulikwenda Mtondooni."

"Nilikwenda."

"Ulitangazaje?"

Akamweleza yote, tangawizi, uji wa muhogo, tabasamu la Mselem. Chiku alimsikiliza bila kumkatiza, jambo ambalo Uweso aliliona la kutisha kuliko kelele.

"Nikisema," Uweso akamalizia, "kazi imekwenda."

"Imekwenda."

"Miaka kumi na mitatu."

"Na yeye amekutuma kona ya msikiti na forodhani kuyapima masikio yake, mzee wa watu, akijishuku yeye," akasema Chiku, akainuka kurudi kwenye vitumbua. "Mimi sikuambii la kufanya. Nakwambia tu vitumbua vinaungua."

Jumamosi ilifika. Bwana Shauri, afisa wa wilaya, alikuwa Mzungu kijana, mwenye miguu mirefu na Kiswahili cha kitabuni. Alivuka mto na Manase na mpimaji mmoja, na Uweso akatakiwa kuwapo kama shahidi wa tangazo. Meza iliwekwa barazani kwa Mselem, maana ndiyo baraza pana kuliko zote Mtondooni. Watu wa kijiji walisimama uani, wamekunja mikono. Wengi minazi yao ilikuwa na nambari.

Manase alisoma daftari lake. Tangazo lilipigwa mbiu siku fulani, likabandikwa siku hiyo hiyo, wiki sita zimetimia Alhamisi ya wiki iliyopita, mwenye kudai ni mmoja tu, Mselem. Uani ukapanda mnong'ono kama nyuki.

"Hatukusikia!" mtu akapaza sauti.

"Hamkusikia, au hamkusikiliza?" akauliza Bwana Shauri.

Hapo Mselem akasimama. Akavaa huzuni juu ya tabasamu lake.

"Bwana Shauri, hawa ni jamaa zangu, sipendi kuwaaibisha. Lakini ukweli uko wazi. Mpiga mbiu alikuja, nilikuwapo mimi hapa hapa. Alipuliza pembe, akasoma mara tatu, neno kwa neno. Na sauti ya Bwana Uweso, nani asiyeijua? Siku ile ilikuwa kama radi. Ndege waliruka mitini. Mpaka leo nikikumbuka masikio yananilia. Wenzangu hawa walisikia, wakapuuza, wakaenda mashambani. Mimi nikasikia, nikatii sheria. Je, mtiifu aadhibiwe kwa ajili ya wapuuzi?"

Uweso hakuwahi kusifiwa vile mbele ya watu wengi vile. Radi. Ndege waliruka mitini. Maneno matamu, na yote ya uongo, na Mselem alipoyasema alimtupia jicho la kirafiki, kama mtu anayemnunulia mwenzake kahawa. Bwana Shauri akageuka.

"Bwana Uweso. Ndivyo ilivyokuwa?"

Kichwa cha Uweso kilikuwa kimezoea kuitikia. Kidogo tu kishuke, mambo yaishe, arudi nyumbani na pembe yake. Akamwona Bi Semeni nyuma ya watu, amekaa juu ya mzigo mkubwa wa makuti yaliyofungwa, mkono mmoja ameuweka nyuma ya sikio ili asikie vizuri. Bado alikuwa hajayaamini masikio yake.

"Sivyo," akasema Uweso.

Alikusudia kulisema taratibu, lakini lilitoka kwa sauti yake yote. Mpimaji akaangusha penseli.

"Siku ile sikuwa na sauti, Bwana Shauri. Nilitoka harusini, koo limekauka. Nilipuliza pembe, watu wakaja, nikafungua kinywa kikatoka upepo. Walinicheka, waulize. Sikusoma hata mara moja. Karatasi nilimwachia huyu Bwana Mselem, akaniambia atasoma yeye na kubandika yeye. Nikarudi boma, karani akaniuliza umetangaza, nikaitikia kwa kichwa. Karani hana kosa, aliandika alichoambiwa. Kosa ni langu."

Manase alikuwa ameshika kalamu hewani. Uso wake ulikuwa wa mtu aliyeambiwa kwamba Jumatano haipo.

"Na je," Bwana Shauri akamwuliza Mselem, "uliwasomea?"

"Niliwasomea, bwana, naapa..."

"Alituambia ni kodi ya mbwa!" akasema mama mmoja aliyebeba mwana. "Siku ya pembe na kikohozi? Naikumbuka! Alisema serikali inataka wenye mbwa wakaandikishe mbwa wao. Nani hapa ana mbwa? Tukacheka tukaenda zetu!"

"Kweli! Kodi ya mbwa!" wakaitikia wengine, na uani ukajaa kelele.

"Kimya!" akasema Bwana Shauri. "Lakini karatasi ilibandikwa? Kama ilibandikwa wazi wiki sita, wenye kujua kusoma wangeliiona."

"Ipo, bwana!" Mselem akarukia neno. "Sijaigusa. Ipo mlangoni mpaka leo."

Wote wakautazama mlango wa duka. Ulikuwa wazi, kama kila mchana, mbao zake mbili zimefunguliwa kwa nje zikalala ukutani huku na huku, na kwenye mbao hizo hapakuwa na kitu isipokuwa picha ya sabuni.

"Ipo wapi?" akauliza Bwana Shauri.

Uweso ndiye aliyeinuka, akaushika ubao wa kulia, akauvuta kutoka ukutani. Nyuma yake, katikati kabisa, imenyooka, bila hata alama ya vumbi, ilikuwa karatasi ya serikali.

"Funga," akasema Bwana Shauri. Uweso akafunga, karatasi ikaonekana. "Fungua." Akafungua, ikapotelea ukutani. Bwana Shauri akataka arudie. Mara ya tatu watu walikuwa wanacheka waziwazi, na hata mpimaji aliuma mdomo.

"Duka hufunguliwa saa ngapi?"

"Alfajiri, bwana," akajibu yule mama. "Na hufungwa baada ya isha, wakati watu wote wamelala na hapana taa. Labda popo walisoma."

Bwana Shauri hakucheka. Alikuwa amekasirika, na ilionekana hajui amkasirikie nani kwanza. Vigingi vilikuwa vimekwisha pigwa, barua zimekwisha kwenda Tanga, na mkubwa wake alikuwa akingoja jibu. Alisema kwamba hata hivyo tangazo lilikwisha chapishwa katika gazeti la serikali, na pengine hilo latosha.

Aliyejibu alikuwa Manase, na hakuna aliyetegemea. Alisimama, akanyoosha kola yake.

"Bwana Shauri, samahani. Sheria inataka tangazo lipigwe mbiu mahali penyewe, na libandikwe mahali pa wazi. Siku zinahesabiwa tangu hapo. Havikufanyika vyote viwili. Kwa hiyo..." Alivuta daftari, na ilikuwa wazi kwamba jambo hili linamwuma. "Kwa hiyo wiki sita hazijapita. Hazijaanza."

Bwana Shauri akapumua kwa nguvu puani.

"Zianze leo," akasema.

Dai la Mselem likawekwa kando lichunguzwe pamoja na ile karatasi ya dole gumba, na akaambiwa ajiandae kwenda mbele ya Liwali kueleza habari za mbwa. Kisha Bwana Shauri akamwonyesha Uweso kidole. Akamwambia atatangaza sasa hivi, mbele ya macho yake, mara tatu. Akimaliza ataacha pembe juu ya meza, na kazi yake na boma imekwisha.

Uweso akashuka uani. Alipuliza pembe kwa muda mrefu kuliko kawaida, kisha akasoma. Alisoma jina la kijiji na mipaka yake, kuanzia mto hadi kisima, kisima hadi njia ya Mwera. Alisoma habari ya gati na barabara. Alisoma wiki sita, akazifafanua: zinaanza leo Jumamosi, zinakwisha Jumamosi ya sita, saa sita mchana boma likifungwa, na baada ya hapo hata ukilia damu. Na mwishoni akaongeza lake, ambalo halikuwamo katika karatasi.

"Na wala si kodi ya mbwa!"

Watu wakapiga vigelegele. Akasoma mara ya pili na ya tatu, akapanda barazani, akaiweka pembe mezani mbele ya Manase. Manase hakujua aishike wapi, akaishika kama mtu aliyepewa mtoto mchanga wa watu.

Bi Semeni alimngoja njiani.

"Kumbe hukunitangazia," akasema.

"Sikukutangazia, Bibi. Unisamehe. Na juzi ulipokuja nyumbani nilijua, nikanyamaza."

"Hilo la juzi ni baya zaidi." Alimtazama sana, mpaka Uweso akaangalia miguu yake. "Nitakusamehe, lakini si leo. Leo nimekasirika bado. Njoo wiki ijayo."

Akaenda wiki iliyofuata. Akasamehewa, na akapewa kazi ya kubeba makuti.

Maisha bila pembe yalimpa tabu. Alimkunia Chiku nazi, akamchotea maji, akamshauri kuhusu vitumbua mpaka akafukuzwa jikoni. Boma lilimwajiri mtu mwingine, kijana mzuri, ila watu wa sokoni walikuwa wakimsogelea na kumwuliza, "Ati umesema?" Uweso akipita hapo aliinamisha kichwa asionekane anafurahi.

Lakini siku alizihesabu. Ilipofika Jumamosi ya sita alivuka mto alfajiri, hakutumwa na mtu, akapita Mtondooni nyumba kwa nyumba akibisha hodi. Umeandikisha? Nimeandikisha. Na wewe je? Juzi, na mume wangu pia. Bi Semeni alikuwa wa kwanza kabisa, siku ya pili tu, na wazee wanne wa kumshuhudia. Uweso alikaribia kurudi, roho kunjufu, alipokumbuka kibanda kilichoko mwisho wa minazi, upande wa mikoko, kwa Mzee Sadalla.

Mzee Sadalla alikuwa kiziwi kweli. Alimkuta anasokota kamba za makumbi, miguu ameinyoosha, hana habari ya gati wala barabara. Wapwa zake kila mmoja alidhani mwenzake amemweleza. Uweso alimwinamia sikioni akapaza sauti, na baada ya kurudia mara nne mzee akaelewa.

"Vyema," akasema. "Nitakwenda Jumatatu. Leo nina kamba ya mtu."

"Jumatatu haimo, Mzee!"

"Nani hayumo?"

"JUMATATU! Muda unakwisha leo, saa sita!"

"Serikali ina haraka gani? Mto uko pale pale."

Jua lilikuwa linapanda. Uweso hakubishana zaidi. Alizikunja zile kamba akazitia begani, akamshika mzee mkono, na Mzee Sadalla, ambaye asingeziacha kamba zake kwa lolote, akazifuata. Walitembea pole pole, wakangojea mashua, wakavuka na mbuzi wawili na magunia ya mbata. Walipoingia bomani saa ya ukutani ilikuwa imebakiza dakika kumi na mbili kufika saa sita, na Manase alikuwa ameanza kufuta nibu za kalamu zake.

Aliwatazama, akatazama saa, akafungua daftari.

"Jina lake?" akauliza kwa upole.

"JINA LAKO, MZEE!"

Madirisha ya boma yalitikisika. Sokoni watu wakageuza shingo.

"Minazi yake mingapi?"

"ANAULIZA MINAZI MINGAPI!"

"Kumi na saba," akajibu mzee, "na mmoja uliopigwa radi, lakini unazaa!"

Mlango wa chumba cha ndani ukafunguliwa. Bwana Shauri akatokea, miguu yake mirefu, na kalamu mkononi. Akamwona Uweso. Ofisi nzima ikanyamaza, isipokuwa Mzee Sadalla, aliyekuwa akieleza mnazi ule ulivyopigwa na radi, na mwaka gani. Bwana Shauri akaitazama saa. Zilibaki dakika tisa.

"Mwambie," akasema hatimaye, "atueleze mipaka yake." Akarudi ndani, akafunga mlango, na kupitia mlango huo alisikia mipaka yote, kama alivyosikia kila mtu mpaka forodhani.

Gati lilijengwa mwaka uliofuata. Barabara ilikata sehemu ya minazi ya Bi Semeni, akalipwa haki yake kwa kila mti. Kwa kuwa alidai kwa wakati na kuonyesha makaburi, mpimaji aliisogeza njia hatua chache kuelekea kisimani, na mama yake na wanawe wakabaki walipolala. Dole gumba lilipofika kwa Liwali lilionekana ni la kukodisha tu. Mselem alitozwa faini, na mwishowe, kwa kuwa Mtondooni hakuna aliyemnunulia hata kiberiti, alihamia Nguvumali, kule Tanga, kuuza mkaa.

Pembe haikurudishwa kwa Uweso. Lakini karatasi yoyote ya serikali ilipofika Mtondooni, yule kijana akishatangaza na kwenda zake, watu walimtuma mtu avuke mto amwite Uweso aje kuisoma upya. Hakulipwa, ila alirudi kila mara na nazi, au samaki, au tui limefungwa vizuri katika kibuyu.

"Umesoma yote?" Chiku alikuwa akimwuliza anapoingia.

"Yote, Mama Sabiha. Mara tatu."

"Hebu nisomee na mimi," akasema siku moja, akiketi na kuchovya kitumbua katika chai. "Na usipige kelele. Niko hapa hapa."